Amri ya leseni ikichelewa, kabichi ya Uluguru huozea barabarani

MKULIMA wa mboga katika tarafa ya Mgeta, wilayani Mvomero, hawezi kumwambia kabichi isubiri. Ikishakomaa ina siku chache tu za kuwa mali. Baada ya hapo ni chakula cha ng'ombe. Ndiyo maana kwa watu wa Nyandira, Tchenzema, Langali na Bunduki, suala la nani ana leseni ya kupeleka gari mlimani si la wenye magari peke yao. Ni suala la bei ya mazao.

Hata hivyo, mijadala mingi kuhusu usafirishaji wa mazao hapa nchini huishia kwenye ubovu wa barabara, bei ya mafuta na ushuru wa halmashauri. Jambo moja husahaulika. Mtu anayenyimwa leseni ya usafirishaji, au anayefutiwa ile aliyonayo, anaruhusiwa na sheria kukata rufaa. Akishinda hupewa amri. Swali linalobaki ni nani anahakikisha amri hiyo inatekelezwa, na kwa muda gani.

Swali hilo lina uzito wa pekee kwa mkoa wa Morogoro, kwa sababu mazao ya milima ya Uluguru husafiri mbali yakiwa mabichi. Karoti, njegere, viazi mviringo, nyanya na kabichi za upande wa Mgeta, pamoja na ndizi, mananasi na machungwa ya Kinole, Mkuyuni na Matombo, hutegemea masoko ya Morogoro mjini na Dar es Salaam, umbali wa kilomita zipatazo 190 kutoka mji kasoro bahari. Katika safari hiyo kipande kigumu si barabara kuu ya lami. Ni kile cha kutoka shambani hadi lami, chenye miteremko, kona na utelezi wakati wa masika.

Si kila gari linaweza njia hiyo, na si kila mwenye gari anaitaka. Kwa hiyo magari yanayohudumia kijiji kimoja cha mlimani huwa machache, na kuondoka kwa gari moja tu huonekana mara moja katika nauli ya gunia.

Leseni ilikotoka

Kwa miaka mingi leseni za usafirishaji zilitolewa chini ya Sheria ya Leseni za Usafirishaji ya mwaka 1973, iliyoweka mamlaka kuu ya leseni na mamlaka za mikoa. Mwaka 2001 Bunge lilipitisha sheria iliyoanzisha Mamlaka ya Udhibiti wa Usafiri wa Nchi Kavu na Majini, maarufu kwa jina la SUMATRA. Mwaka 2019 sheria nyingine ikaanzisha Mamlaka ya Udhibiti Usafiri Ardhini (LATRA), ambayo ndiyo inayotoa leseni za mabasi, daladala, magari ya mizigo, bajaji na pikipiki za abiria hivi leo.

Sambamba na mabadiliko hayo, Sheria ya Ushindani ya mwaka 2003 iliunda vyombo viwili ambavyo wananchi wengi huvichanganya. Cha kwanza ni Tume ya Ushindani, inayochunguza ukiritimba na bidhaa bandia. Cha pili ni Baraza la Ushindani, ambalo ni chombo cha rufaa. Baraza hili huongozwa na jaji wa Mahakama Kuu na husikiliza rufaa dhidi ya maamuzi ya Tume hiyo pamoja na ya wadhibiti wa sekta mbalimbali, wakiwamo wa nishati na maji, mawasiliano, usafiri wa anga na usafiri wa ardhini.

Kwa lugha nyepesi, mwenye gari asiyeridhika na uamuzi wa mdhibiti kwanza huomba uangaliwe upya ndani ya mamlaka yenyewe. Asiporidhika hapo huenda Barazani. Uamuzi wa Baraza ni wa mwisho, na sheria inasema amri zake zitekelezwe kwa namna ileile inayotumika kutekeleza hukumu na amri za Mahakama Kuu.

Kwenye karatasi mpango huo ni mzuri. Unamwepusha mdau na mlolongo wa kesi za kawaida na unampa msikilizaji anayeijua biashara. Tatizo huanza pale shauri linapokwisha.

Haki inayoliwa na kalenda

Leseni ya usafirishaji haifanani na shamba. Mtu anayeshinda kesi ya shamba baada ya miaka minne hulikuta shamba lake likiwa palepale. Huenda limelimwa na mwingine, lakini udongo upo. Leseni ni ruhusa yenye mwanzo na mwisho. Muda wake unahesabika, na wakati wa kuitumia ukipita haurudi.

Hebu tuseme mtu aliomba leseni ya mwaka mmoja, akanyimwa, akakata rufaa na kushinda baada ya miezi kumi na minne. Hukumu itasema alistahili. Lakini alistahili nini? Mwaka alioombea umekwisha. Itambidi aombe upya mbele ya ofisi ileile iliyomnyima, na ofisi hiyo inaweza kutoa sababu mpya ambayo Baraza halikuijadili. Chelewa chelewa utakuta mwana si wako, na hapa mwana ni msimu wa mavuno.

Ucheleweshaji wenyewe una sura tatu. Ya kwanza ni kuchelewa kwa uamuzi. Baraza lina wajumbe wanaoteuliwa kwa vipindi. Kipindi kikiisha na uteuzi mpya usipofanyika mapema, akidi hukosekana na mafaili husubiri, hata kama mwenyekiti yupo na wadau wako tayari.

Sura ya pili ni amri isiyo na tarehe. Vyombo vya rufaa mara nyingi havitoi leseni vyenyewe. Hulirudisha suala kwa mdhibiti na kumtaka alifikirie upya kwa kufuata sheria. Sababu ya kufanya hivyo inaeleweka, kwani Baraza halina wakaguzi wa breki wala wataalamu wa ratiba za njia. Lakini amri ya kufikiri upya isiyosema ni ndani ya siku ngapi humwachia mdhibiti uhuru wa kufikiri kwa muda autakao.

Sura ya tatu ni utekelezaji. Amri ipo, tarehe inajulikana, lakini ofisi inayotakiwa kuitekeleza inakaa kimya. Hapo ndipo mwenye gari analazimika kugonga mlango wa mahakama.

Milango miwili ya mahakama

Mlango wa kwanza ni ule ambao wanasheria huuita kukaza hukumu. Kwa kuwa amri ya Baraza hutekelezwa kama ya Mahakama Kuu, aliyeshinda anaweza kuchukua nakala rasmi ya amri, akajaza maombi na kutaka itekelezwe. Njia hii huenda vizuri pale mshindwa anapokuwa mtu binafsi au kampuni. Dalali wa mahakama anaweza kukamata mali, na mkaidi anaweza hata kufungwa kama mfungwa wa madai.

Lakini njia hiyo hugonga mwamba pale mshindwa anapokuwa chombo cha Serikali. Sheria ya Mashauri Dhidi ya Serikali hairuhusu mali ya Serikali kukamatwa wala ofisa wake kufungwa kwa ajili ya deni la hukumu. Pale mtu anapodai fedha, hupewa hati inayopelekwa kwa ofisa masuhuli ili malipo yafanyike. Mwaka 2020 sheria hiyo ilipanuliwa, na maana ya neno Serikali sasa inabeba pia halmashauri, wakala na mashirika ya umma. Mtu anayetaka kuvishtaki vyombo hivyo kwa madai ya kawaida hutakiwa kutoa notisi ya siku 90, kumuunganisha Mwanasheria Mkuu wa Serikali na kufungua shauri lake Mahakama Kuu.

Kwa mkulima, siku 90 si namba ya kisheria tu. Ni karibu muda wa kabichi tangu kuhamishwa kitaluni mpaka kukatwa. Msimu mzima unaweza kuanza na kuisha kabla shauri la fidia halijapata namba.

Mlango wa pili ni maombi ya amri ya kushurutisha, yaani Mahakama Kuu kumwamuru mtendaji wa umma atimize wajibu ambao sheria imemwekea na ambao amekataa au ameshindwa kuutimiza. Huu ndio mlango unaofaa zaidi kwa leseni, kwa sababu mwombaji hahitaji kukamatiwa mtu meza na viti. Anahitaji ofisi ifanye kazi yake.

Nao una masharti. Mwombaji huanza kwa kuomba kibali cha mahakama, na kibali hicho kinapaswa kuombwa ndani ya miezi sita. Akikipata, kanuni za mwaka 2014 zinampa siku 14 kuwasilisha maombi yenyewe. Lazima pia aonyeshe kuwa alidai utekelezaji na hakuupata. Mwenye gari anayengoja kwa heshima huku akiambiwa "njoo wiki ijayo" anaweza kujikuta miezi sita imekwisha bila barua hata moja mkononi.

Ndiyo maana mtu mwenye amri ya Baraza anashauriwa kutolala nayo. Achukue nakala iliyogongwa mhuri, aipeleke kwa mdhibiti kwa barua yenye tarehe, adai jibu ndani ya siku alizozitaja na abaki na nakala iliyosainiwa mapokezi. Karatasi hiyo moja ndiyo itakayoithibitishia mahakama kwamba kukaa kimya kwa ofisi ni kukataa.

Fundisho la gari la Arusha

Safari ya Watanzania kupata haki ya kuipeleka Serikali mahakamani katika masuala ya magari haikuanza leo. Mwaka 1993 Mahakama ya Rufani ilitoa uamuzi katika kesi ya Kukutia Ole Pumbun na mwenzake dhidi ya Mwanasheria Mkuu, iliyotokana na gari lililokamatwa na kuzuiliwa mkoani Arusha. Wakati huo mtu hakuweza kuishtaki Serikali bila Serikali yenyewe kukubali. Mahakama ilisema sharti hilo linakwenda kinyume cha Katiba, na baadaye kidogo Bunge likaliondoa na kuweka utaratibu wa notisi.

Uamuzi ule ulifungua mlango wa kuingia mahakamani. Kinachohitajika sasa ni mlango wa kutoka na kitu mkononi. Katiba yenyewe imelisema jambo hili. Ibara ya 107A inazitaka mahakama, katika kutoa maamuzi, zisicheleweshe haki bila sababu ya msingi na zisifungwe kupita kiasi na masharti ya kiufundi yanayoweza kukwamisha haki kutendeka.

Jirani zetu wa Kenya nao wamepita njia hii. Sheria yao ya mwaka 2012 iliyoanzisha mamlaka ya usafiri na usalama barabarani iliweka bodi maalumu ya kusikiliza rufaa za leseni za usafirishaji peke yake, tofauti na Baraza letu linalobeba umeme, simu, ndege na magari kwa pamoja. Bodi maalumu ina faida ya kujua mambo ya barabarani kwa undani. Lakini hata huko utekelezaji ulibaki kuwa mjadala. Sheria ya Kenya ya mwaka 2016 kuhusu kudharau mahakama ilitaka ofisi ya umma ipewe kwanza notisi ya siku 30 kabla ya kuchukuliwa hatua. Novemba 2018 Mahakama Kuu ya Nairobi iliifuta sheria hiyo yote kwa kuwa inakwenda kinyume cha katiba ya nchi hiyo. Ujumbe ulikuwa wazi kwamba amri ya mahakama haipaswi kuombewa ruhusa kwa yule aliyeamriwa.

Hasara isiyo na mlalamikaji

Ili kuona ukubwa wa jambo lenyewe, tuchukue hesabu ya mfano. Si takwimu za utafiti, bali ni namna ya kuona fedha zinavyopotea.

Tuseme mtu amekopa Sh30 milioni kununua gari la mizigo, kwa riba ya asilimia 18 kwa mwaka. Riba peke yake ni Sh450,000 kwa mwezi. Gari lingefanya safari mbili kwa wiki kutoka mlimani, kila moja ikibeba magunia 40 na kumwachia faida ya Sh150,000 kabla ya riba. Gari likisimama wiki 26 kwa kusubiri leseni, mwenye gari anapoteza Sh7.8 milioni za faida. Wakati huohuo anatakiwa atafute kwingine Sh2.7 milioni za kulipa riba ya miezi hiyo sita.

Hiyo ni hasara ya mwenye gari. Sasa tutazame ya kijiji. Tuseme kijiji kinatoa magunia 200 kwa wiki na magari yaliyobaki, kwa kuwa ni machache, yanapandisha nauli ya gunia kutoka Sh5,000 hadi Sh7,000. Ongezeko hilo halilipwi kwa magunia 80 tu ambayo gari lililosimama lingebeba. Linalipwa kwa magunia yote 200. Kwa wiki ni Sh400,000, na kwa wiki 26 ni Sh10.4 milioni.

Kwa maneno mengine, wakulima wanaweza kupoteza zaidi ya mwenye gari aliyenyimwa leseni. Tofauti ni kwamba mwenye gari ana faili Barazani na wao hawana. Si wadaawa katika rufaa ile, hawakupewa taarifa ya tarehe ya kusikilizwa, na hata amri ikitolewa na fidia kulipwa, hakuna senti itakayopanda mlima.

Wachumi wa kilimo wanalijua jambo hili kwa jina jingine. Bei ambayo mkulima hupata shambani ni ile ya sokoni ukitoa gharama za kufika sokoni. Mnunuzi wa Dar es Salaam haongezi bei kwa sababu gari la Nyandira halina leseni. Atanunua kabichi ya Lushoto au ya Iringa. Kwa hiyo nauli inapopanda, anayeibeba ni mkulima.

Ikumbukwe pia kwamba nauli za mizigo, tofauti na zile za abiria, hazipangwi na mdhibiti. Huamuliwa na makubaliano ya mwenye gari na mwenye mzigo. Katika soko la namna hiyo, kinga pekee ya mkulima ni wingi wa magari yanayoshindania mzigo wake. Anayechelewesha leseni halali anaondoa kinga hiyo, hata kama hakukusudia.

Nchi hii imewahi kulipa gharama ya vibali vya kusafirisha mazao. Hadi mwanzoni mwa miaka ya 1980 mtu binafsi hakuruhusiwa kuvusha zaidi ya kilo 30 za nafaka kutoka mkoa mmoja kwenda mwingine. Mwaka 1984 kiwango kilipandishwa hadi kilo 500, na mwaka 1987 vizuizi hivyo vikaondolewa. Miaka thelathini baadaye, katika bajeti ya 2017/18, Serikali ilipunguza ushuru wa mazao kutoka asilimia tano hadi asilimia tatu kwa mazao ya biashara na mbili kwa ya chakula, na kuusamehe mzigo usiozidi tani moja unaotoka halmashauri moja kwenda nyingine. Hatua zote hizo zilikuwa na lengo moja, kupunguza kinachosimama kati ya shamba na soko. Leseni inayokwama baada ya rufaa kushinda inarudisha kizuizi kwa mlango wa nyuma.

Mdhibiti naye ana hoja

Haitakuwa haki kuutazama upande mmoja. Mdhibiti anaweza kusema, na kwa haki kabisa, kwamba njia za Uluguru ni za hatari. Gari lenye breki dhaifu likipewa leseni kwa sababu ya shinikizo la mahakama, watakaokufa ni abiria na wabeba mizigo. Kuna pia tabia ya watu kupanda juu ya magunia katika magari ambayo leseni yake ni ya mizigo tu, kwa sababu hakuna basi linalofika kijijini. Mdhibiti akikaza kamba hapo analinda uhai.

Vilevile si kila anayekata rufaa ana nia njema. Wapo wenye magari ya zamani katika njia fulani ambao hutumia rufaa kuzuia wapya wasiingie. Amri inayotekelezwa haraka haraka bila kuangalia hali inaweza kumlinda mkongwe na kumuumiza mkulima yuleyule.

Lakini hoja hizo zinahusu namna ya kuamua. Hazihalalishi kukaa na uamuzi uliokwisha kutolewa. Kama gari ni bovu, mkaguzi aandike kuwa ni bovu na aoneshe kasoro, ili mwenye gari alitengeneze au arudi Barazani. Ukimya si ukaguzi wa usalama. Gari lisilo na leseni mara nyingi halikai uani. Hupanda mlima usiku kwa kujificha, na hapo usalama unazidi kupungua.

Mkanganyiko mwingine unatoka kwa wadau wenyewe. Gari moja lenye mzigo linaweza kukutana na mamlaka nne katika safari moja. Leseni ya gari ni ya LATRA. Uzito wake hupimwa kwenye mizani ya barabara kuu, kama ile ya Mikese. Ushuru wa mazao ni wa halmashauri. Akibeba mkaa au mbao atahitaji hati ya kusafirishia mazao ya misitu kutoka Wakala wa Huduma za Misitu. Kila kibali kina mlango wake wa malalamiko. Anayepeleka Baraza la Ushindani mgogoro wa ushuru wa halmashauri anapoteza miezi kwa kugonga nyumba isiyo yake.

Yanayowezekana kufanyika sasa

Zipo dalili nzuri. Kwa muda mrefu mtu wa Morogoro aliyetaka Mahakama Kuu alilazimika kwenda Dar es Salaam. Tangu mwanzoni mwa miaka ya 2020 mji huo una Kituo Jumuishi cha Utoaji Haki, na Mahakama Kuu imefungua masjala yake hapohapo. Aidha, mabadiliko ya sheria ya mwaka 2021 yalikifanya Kiswahili kuwa lugha ya sheria na ya mahakama. Kwa mwenye gari wa Kinole anayesoma amri ya leseni yake mwenyewe, hilo si jambo dogo. Maombi ya leseni nayo sasa hupitia mfumo wa kielektroniki, unaoacha alama ya tarehe kila hatua.

Yanayobaki hayahitaji fedha nyingi. La kwanza ni tarehe. Kila amri inayolirudisha suala la leseni kwa mdhibiti itaje idadi ya siku za kulimaliza na itake taarifa ya utekelezaji iwasilishwe Barazani. Mawakili wa wenye magari nao waombe hivyo tangu mwanzo katika hati ya rufaa, badala ya kuomba tu uamuzi utenguliwe.

La pili ni leseni ya muda. Kwa kawaida kukata rufaa peke yake hakusimamishi uamuzi unaolalamikiwa. Sheria au kanuni zingeweza kusema kwamba tarehe ya amri ikipita bila jibu, gari lililofaulu ukaguzi wa polisi wa usalama barabarani liruhusiwe kufanya kazi mpaka mdhibiti atoe uamuzi wake. Hapo gharama ya kuchelewa ingehama kutoka kwa mkulima na kwenda kwa ofisi inayochelewesha, na mafaili yangesogea.

La tatu ni sauti ya wakulima. Vyama vya ushirika na vikundi vya wakulima wa mboga vinaweza kuandika barua au kutoa ushahidi kuhusu mahitaji ya magari katika njia husika. Lipo pia baraza la watumiaji wa huduma za usafiri wa ardhini, lililowekwa na sheria ili kuwasemea watumiaji. Mwenye gunia la karoti ni mtumiaji wa usafiri sawasawa na abiria wa basi la Msamvu, na anapaswa kuhesabiwa hivyo.

La nne ni uwazi. Mdhibiti atangaze kila mwaka amri ngapi zilitolewa dhidi yake, ngapi zimetekelezwa na ngapi bado, na kwa nini. Orodha hiyo fupi ingewasaidia wabunge wa Mvomero na Morogoro kuuliza maswali yenye namba badala ya malalamiko ya jumla.

Milima ya Uluguru ina historia yake na amri. Mwaka 1955 Serikali ya kikoloni ilitaka kila mkulima achimbe ngazi katika shamba lake, na ilisimamia amri hiyo kwa nguvu mpaka vurugu zikatokea Matombo na mpango ukaachwa. Wakati ule amri iliyomkandamiza mkulima haikukosa wasimamizi. Itakuwa ajabu kama katika nchi huru amri inayomfaa itakosa hata tarehe.

Msimu ujao wa kabichi hautasubiri uteuzi wa wajumbe, notisi wala barua ya pili ya kukumbushia. Baraza lenye kutoa amri na Mahakama yenye nguvu ya kuisimamia vinaweza kuanza na jambo rahisi kuliko yote, kuandika katika kila amri ya leseni siku ambayo lazima iwe imetekelezwa.